Kupiga Picha za Wanamuziki Usambara: Sikiliza Kwanza, Ndipo Ubonyeze

Wilaya ya Lushoto, kwenye milima ya Usambara, ina wanamuziki wengi kuliko picha nzuri za wanamuziki. Ni vigumu kukuta usharika usio na kwaya. Matarumbeta ya kanisa la Kilutheri, KKKT, husikika Jumapili kutoka kijiji kimoja hadi cha ng'ambo ya bonde. Madrasa zina vikundi vya kasida, wazee wanaoijua mdumange, ngoma ya Wasambaa, wapo vijijini, na vijana wanarekodi bongofleva katika vyumba vilivyobandikwa trei za mayai ukutani. Wote hao wanahitaji picha: ya bango, ya kava la nyimbo, ya kupeleka redioni, ya kutundika sebuleni. Wanachopata mara nyingi ni picha ya jukwaani ambayo maiki imefunika mdomo, au picha ya mstari ambayo kila mmoja amekaza shingo, mikono ubavuni, na vyombo vimewekwa chini nje ya picha.

Makala haya ni ya mtu mwenye kamera, au simu yenye kamera ya kuridhisha, anayetaka kufanya vizuri zaidi ya hapo. Nitagusa mwanga, mahali, vyombo, ruhusa na sheria. Msingi wa yote ni huu: picha ya mwanamuziki huanzia masikioni. Usipousikia muziki wake hutajua ni wakati gani uso wake uko kazini na ni wakati gani anakuigizia wewe.

Kaa usikilize

Ukifika kwa mwanamuziki, acha kamera ndani ya begi. Salimia wakubwa kwa shikamoo, kaa unapoonyeshwa, omba akupigie kipande kimoja kizima. Wakati anapiga, mwangalie bila haraka. Yupo anayefumba macho, yupo anayetazama vidole vya mkono wa kushoto, yupo anayeinamisha sikio kwenye chombo chake. Mwingine huuma mdomo akifika penye ugumu. Kuna pumzi inayoingia kabla ya noti ya kwanza, na kuna kitambo kifupi baada ya noti ya mwisho, chombo bado kiko mkononi na mtu hajarudi kabisa kutoka kwenye wimbo. Kwangu mimi nyakati hizo mbili ndizo zenye picha. Katikati ya wimbo misuli ya uso inafanya kazi na sura mara nyingi hukunjamana kwa namna ambayo mwenyewe hataipenda.

Mabingwa wa kazi hii walifika kwa njia hiyohiyo. Mwaka 1946 Mmarekani Arnold Newman alimpiga picha mtunzi Igor Stravinsky huko New York. Piano kubwa iliyofunguliwa mfuniko imejaza karibu picha nzima, naye mtunzi yuko kwenye kona ya chini, kichwa amekiegemeza mkononi. Jarida la Harper's Bazaar, lililoiagiza, liliikataa. Leo ni miongoni mwa picha za wanamuziki zinazojulikana zaidi duniani. Yousuf Karsh, mwaka 1954, alimpiga Pablo Casals, mpiga cello wa Uhispania, akiwa amempa mgongo ndani ya abasia kuukuu kusini mwa Ufaransa, dirisha dogo likiwa juu ukutani. Uso hauonekani, na hakuna anayelalamika, maana mabega yale yanatosha. Karibu zaidi na kwetu, Jean Depara alizunguka na mwanamuziki Franco Luambo katika Léopoldville ya miaka ya 1950, Kinshasa ya leo, akawa mpiga picha wake. Mtu akikuzoea kwa kiasi hicho, kamera yako haimshtui tena. Kazi kama hizi hazihitaji kumwambia mtu atabasamu.

Mwanga wa milimani

Mji wa Lushoto uko karibu mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, na barabara kutoka Mombo hupanda kama kilomita 33 kupitia Soni. Unaweza kuacha jua kali Mombo ukafika juu ukakuta wingu limekaa barabarani. Masika ni Machi hadi Mei, vuli ni Oktoba hadi Desemba, na kuanzia Juni hadi Agosti asubuhi huwa na baridi na ukungu. Wapiga picha wengi huahirisha kazi wakiona ukungu. Nawasihi wasifanye hivyo. Ukungu huutawanya mwanga wa jua ukaja kutoka kila upande, kivuli kikali chini ya pua na macho kikatoweka, na ngozi ikaonekana laini bila kuguswa na programu yoyote. Mwenye studio mjini hununua taa na vitambaa vya gharama ili apate mwanga wa namna hiyo.

Ukungu una mtego mmoja. Kamera ikiona weupe mwingi nyuma ya mtu hudhani mwanga umezidi, hivyo hupunguza, na uso hutoka mweusi tii usio na umbo. Kwenye simu, gusa uso wa mtu kwenye kioo kisha vuta alama ya jua juu hadi uso uonekane sawasawa. Kwenye kamera, ongeza mwanga kwa hatua moja au zaidi. Nyuma kutapauka kidogo, na hilo halina hasara.

Hapa niseme neno kuhusu ngozi zetu. Kwa miongo mingi filamu za rangi zilipimwa kwa kadi zenye picha za wanawake weupe, zilizojulikana kama kadi za Shirley, na mashine za kusafishia picha zikarekebishwa kwa sura hizo. Ndiyo maana picha nyingi za zamani za watu weusi zimepoteza macho na mashavu gizani. Simu za leo ni bora zaidi, lakini bado zipo zinazong'arisha uso zenyewe bila kuombwa. Zima mpangilio wa kurembesha. Uzuri wa ngozi nyeusi kwenye picha hutoka kwenye mng'ao wa paji la uso, mfupa wa shavu na mgongo wa pua, na mng'ao huo unahitaji mwanga mpana wa upande mmoja, kama wa dirisha au mlango. Kumfanya mtu mweupe kuliko alivyo ni kumwondolea sura yake. Wala usifute mikunjo ya wazee. Bi Kidude, mwimbaji wa Zanzibar aliyefariki Aprili 2013, alipigwa picha na wapiga picha wa mataifa mengi, na mikunjo ya uso wake ndiyo iliyobeba picha zote zinazokumbukwa.

Saa sita mchana ni adui. Lushoto iko pungufu kidogo ya digrii 5 kusini mwa ikweta, hivyo mwanzoni mwa Machi na mwanzoni mwa Oktoba jua hupita utosini kabisa, na miezi mingine nayo haliko mbali sana na hapo. Mashimo ya macho hugeuka giza. Dawa yake ni baraza. Mkalishe mtu ndani ya kivuli cha baraza, hatua moja kutoka penye jua, akitazama nje. Ua wa udongo mwekundu utarudisha mwanga wa joto usoni kutoka chini. Kama upande mmoja umebaki na giza, mtu ashike karatasi nyeupe ya manila upande huo. Kifaa hicho cha bei ndogo kimeokoa picha nyingi kuliko taa ya kamera, ambayo mimi huizima karibu kila mara.

Asubuhi na jioni ni bora, ila mabonde yana saa zake. Kilima kinaweza kulizuia jua hadi saa 3 asubuhi na kingine kikalificha saa 11 jioni wakati Mtae, kijiji kilicho juu ukingoni mwa milima, bado kunang'aa. Nenda siku moja kabla, au muulize mwenyeji ni saa ngapi jua hufika uani kwake. Atajua, kwa sababu ndiko anakoanika nguo na mahindi.

Mahali pa kupigia

Karibu kila msanii kijana atakuomba umpeleke Irente, kwenye ukingo wa mwamba unaotazama tambarare za chini. Mandhari yale ni makubwa, na ndipo penye shida: mtu hugeuka nukta, na mtazamaji hukumbuka bonde akasahau mwimbaji. Ukienda, simama karibu naye, jaza fremu kwa kichwa na mabega, bonde libaki ukungu nyuma yake. Upepo hupeperusha majoho ya kwaya, na ukingo hauna huruma. Usimwambie mtu arudi nyuma hatua hata moja. Mtake asogee mbele, wewe ndiye urudi nyuma, kwenye ardhi tambarare uliyoikagua.

Msitu wa Magamba ni Hifadhi ya Mazingira Asilia chini ya Wakala wa Huduma za Misitu, TFS, kwa hiyo uliza utaratibu wa kibali na ada kabla ya kupeleka kikundi. Chini ya majani mazito nyuso hutoka na rangi ya kijani, hivyo tafuta uwazi ambao mwanga wa anga unafika.

Ningependa zaidi uchague pale mtu anapofanyia mazoezi. Jiko ambamo bibi huimba, gereji ambamo mpiga gitaa hushinda, benchi la kanisa, shamba la matuta lenye kabichi kama ndilo linalomlisha. Piano kwenye picha ya Stravinsky ilifanya kazi kwa sababu chombo hicho kilikuwa sehemu ya maisha yake. Kumvalisha kijana wa bongofleva kaniki na kumshikisha kibuyu ambacho hajawahi kukipiga, ili picha ionekane ya asili, ni kumdanganya yeye na mtazamaji pamoja.

Chombo na mwenye chombo

Nianze na matarumbeta, kwa kuwa ndiyo yenye historia ndefu ya aina yake katika milima hii na ndiyo magumu zaidi kupiga picha. Wamisionari wa Kilutheri waliotumwa na chama ambacho baadaye kilihamia Bethel, Ujerumani, walifungua kituo Mlalo mwaka 1891. Huko Bethel aliishi Johannes Kuhlo, mchungaji aliyejenga bendi za shaba za makanisa ya Kijerumani hadi akapewa jina la utani la jenerali wa matarumbeta. Leo chombo hicho ni cha Wasambaa kama kilivyo cha mtu yeyote, na hupigwa kanisani, harusini na mazikoni.

Shaba ni kioo. Kila kilicho mbele yake hujionyesha ndani yake: anga, gari lako, na wewe mwenyewe. Vaa nguo nyeusi au za rangi iliyotulia. Mweke mpigaji atazame ukuta mweupe au ukungu, na shaba itapata mng'ao mmoja mpana badala ya vidoa vikali. Mwombe ageuze mdomo wa tarumbeta kidogo pembeni, maana ukielekea lenzi moja kwa moja huficha kidevu na mashavu. Mdomo huo uko mbele ya uso kwa kiasi cha mkono, hivyo kama unatumia kamera, tundu la lenzi lililofunguliwa sana litaacha jicho likiwa wazi na tarumbeta ikiwa imeyeyuka. Weka f/5.6 au f/8, na ulenge jicho. Usipige mashavu yakiwa yamejaa. Subiri mkono wa kiongozi upande: wapigaji wote huvuta pumzi kwa pamoja, macho yao yamefunguka, midomo bado haijabana. Hapo. Chombo kikiwa na mbonyeo usikifiche, kwani mara nyingi kimepita mikononi mwa watu kadhaa wa kikundi kilekile.

Ngoma ni kazi ya mikono, na mikono ina kasi. Kuigandisha hewani unahitaji 1/500 ya sekunde. Jaribu pia kinyume chake: 1/30, kamera ikiwa juu ya stendi au umeegemea ukuta, mzee akitulia mwili huku mikono ikipiga. Uso utakuwa mkali na mikono itakuwa moshi, na mtazamaji ataisikia ngoma. Ila picha ninayoipenda kuliko zote za mpiga ngoma hupatikana kabla hajaanza. Baridi na unyevu wa milima hulegeza ngozi ya ngoma, kwa hiyo huipasha moto ikakazika. Anaigeuza, anaigonga, anatega sikio, anairudisha. Moto unampa mwanga wa chini wenye rangi ya dhahabu, na yeye hana habari nawe. Punguza mwanga kwenye kamera kidogo ili miali isiungue ikawa nyeupe.

Kwa kasida, dufu lenyewe ni kiakisi cha mwanga: likishikwa usawa wa kifua, ngozi yake nyeupe hurudisha mwanga kwenye kidevu na macho. Kwa gitaa, simama upande wa tumbo la gitaa, kwani ukisimama upande wa shingo mkono wa kushoto utakuwa mkubwa kuliko kichwa. Usitumie kamera ya mbele ya simu, maana nyingi hugeuza picha, na anayepiga kwa mkono wa kulia ataonekana wa kushoto. Mpangilio wa simu unaofifisha nyuma nao hukata nyuzi na vigingi vya kukazia, hivyo vuta picha ukague kabla hujaondoka. Na kwa kila chombo, usiisogeze simu karibu sana na uso. Lenzi yake kuu ni pana, hukuza pua na kupunguza masikio. Rudi nyuma, tumia 2x.

Kwaya inahitaji picha mbili tofauti. Moja ni ya wote, na ushauri wangu ni kuwapanga kwa sauti zao, kila sauti pamoja, wakaribiane mabega, kisha waimbe ubeti mmoja kabla hujabonyeza. Wakimaliza wataonekana watu waliokuwa wakifanya jambo pamoja. Ya pili ni ya mwalimu wa kwaya, na hii karibu haipigwi kabisa. Waumini huona mgongo wake kila Jumapili. Uso wake, nyusi zikiwa juu, mdomo ukitamka maneno bila sauti, huonwa na waimbaji peke yao. Omba kukaa katikati yao siku ya mazoezi, wala si wakati wa ibada.

Mwimbaji asiye na chombo ni mtihani wa aina yake. Mpe muda asikilize wimbo wake kwenye spika, umpige akiusikiliza.

Ruhusa, heshima na sheria

Ruhusa huombwa kwa aliye na mamlaka ya kuitoa. Kwaya ina mwenyekiti na mwalimu, na juu yao yupo mchungaji au padre. Kikundi cha kasida kina ustadhi wa madrasa. Kikundi cha ngoma kina kiongozi wake, na mgeni anayetoka nje ya kijiji hupita kwanza kwa mwenyekiti wa kijiji. Ukishapata ruhusa ya kikundi, bado muulize kila mtu. Wapo kina mama wasiotaka picha zao zisambae, na jibu lao halihitaji sababu. Kwa watoto, ongea na wazazi.

Sema wazi picha inakwenda wapi: kwenye bango tu, au Instagram, au itauzwa. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika Mei 2023, inataka taarifa za mtu zikusanywe kwa madhumuni yanayojulikana, na picha ya uso wa mtu ni taarifa yake. Karatasi moja ya Kiswahili chepesi, yenye madhumuni, tarehe na saini za pande mbili, inatosha kuondoa ugomvi mwingi.

Upande wa pili, picha ni kazi yenye hakimiliki chini ya Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na COSOTA ndiyo ofisi inayoshughulika na mambo hayo. Andikianeni mapema nani ataitumia, kwa muda gani, na malipo ni kiasi gani. Msanii aliyelipia picha ya kava anadhani ni yake kwa kila matumizi, mpiga picha anadhani amelipwa kwa kava tu, na wote wawili huugundua mgongano huo picha ikishakuwa ukutani.

Unyevu

Unyevu wa Usambara huotesha kuvu ndani ya lenzi, na ikishaota ni vigumu kuitoa. Hifadhi kamera kwenye chombo cha plastiki chenye mfuniko wa kubana pamoja na vipakiti vya kufyonza unyevu. Ukitoka kwenye baridi ukaingia jikoni penye moto, lenzi hufunikwa na mvuke, hivyo acha kamera ndani ya begi lililofungwa hadi ipate joto la chumba. Betri huisha haraka kwenye baridi, basi beba ya akiba kwenye mfuko wa shati.

Jina na nakala

Zama za Wajerumani, wakati Lushoto ikiitwa Wilhelmstal, Walther Dobbertin aliyekuwa na studio Dar es Salaam alipiga picha nyingi za nchi hii, na leo mkusanyiko wake uko kwenye hifadhi ya taifa ya nyaraka ya Ujerumani. Picha nyingi za Waafrika zilizomo zina maelezo ya mahali, kazi au kabila, bila jina la mtu. Mjukuu wa mtu huyo anaweza kuwa anaishi Vuga au Mlalo leo, na hana njia ya kumtambua babu yake.

Basi andika majina. Kwenye daftari siku hiyohiyo, kutoka kushoto kwenda kulia, mstari kwa mstari: jina kamili kama mwenyewe anavyolitaja, chombo au sauti yake, kikundi, kijiji, tarehe. Liweke jina hilo kwenye faili la picha, maana jina la faili linalotolewa na kamera halimwambii mtu chochote. Hifadhi nakala mahali pawili tofauti. Ukituma kwa WhatsApp tuma kama dokumenti, vinginevyo picha itabanwa na bango litakalochapwa litakuwa na ukungu usiotoka mlimani.

Kisha safisha picha, iwe ya karatasi, na umpelekee mwenyewe. Ahadi ya kuleta nakala imetolewa mara nyingi katika vijiji hivi na wageni ambao hawakurudi, na wazee wanaikumbuka. Kama huwezi kupanda tena, mpe dereva wa basi au mwalimu wa shule bahasha yenye jina la mwenye picha. Nyuma ya picha andika kwa penseli, maana wino wa kalamu huweza kupenya hadi mbele. Fanya hivyo kabla hujaiweka picha mtandaoni, ili yeye awe wa kwanza kuiona.